Kibali cha kubeba bastola katika miji ya Marekani: mwongozo kwa Waafrika Mashariki wanaoishi huko

Anayeishi Marekani na kufikiria kutembea mjini na bastola iliyofichwa ana maswali matatu ya kujibu, na mpangilio wake haubadiliki. Je, hadhi yako ya uhamiaji inakuruhusu hata kuigusa? Je, jimbo, na wakati mwingine mji wenyewe, limekupa kibali? Na pale unapokwenda leo, kibali hicho kinafanya kazi? Magazeti na televisheni hushughulika sana na swali la pili. Kwa mwanadiaspora, lenye hatari kubwa zaidi ni la kwanza.

Viza kwanza, bastola baadaye

Sheria ya shirikisho, Sura ya 18 kifungu cha 922(g), inamkataza mtu aliyeingia kwa viza isiyo ya uhamiaji kuwa na bunduki au risasi. Mwanafunzi wa F-1, mtalii wa B-2, aliyekuja kwa mpango wa kubadilishana wa J-1 na mfanyakazi wa H-1B wote wamo. Asiye na hati naye yumo. Tangu 2022 adhabu inafika miaka 15 jela. Zamani ilikuwa 10. Haijalishi kwamba jimbo unaloishi halidai kibali chochote, kwa sababu sheria hii ni ya nchi nzima.

Kuna mwanya mmoja unaotajwa sana vijiweni: leseni halali ya uwindaji iliyotolewa na jimbo huondoa katazo la viza. Ni kweli, lakini huondoa katazo la shirikisho tu. Haimpi mwenye F-1 kibali cha kubeba bastola mjini.

Neno “kuwa na” hapa ni pana kuliko wengi wanavyodhani. Kukodi bastola kwenye kiwanja cha kulenga shabaha, ukapiga risasi kumi na kuirudisha, kunatosha. Risasi moja ndani ya droo inatosha. Ukiishi nyumba moja na mtu mwenye bunduki, ukajua ilipo na ukaweza kuifikia, mwendesha mashtaka anaweza kudai kwamba nawe unayo. Kwa hiyo mwenzako aifungie kwenye sanduku la chuma, na wewe usijue namba wala usikae na ufunguo.

Mwenye ukaazi wa kudumu, yaani green card, anaruhusiwa kununua na anaweza kuomba kibali. Mkimbizi aliyepokewa rasmi na mtu aliyekwisha kupewa hifadhi hawamo kwenye katazo la viza, ila majimbo mengine hutaka uraia au green card kabla ya kutoa kibali cha kubeba. Kama ombi lako la hifadhi bado linasubiri, au unaishi kwa hadhi ya ulinzi wa muda, usishike chochote mpaka wakili wa uhamiaji akupe jibu kwa maandishi. Wakili wa ajali za barabarani siye wa kumwuliza.

Dukani utajaza fomu 4473, fomu ya shirikisho ya anayenunua bunduki. Inauliza uraia wako, na asiye raia huandika namba ya A, yaani namba yake ya uhamiaji, iliyo kwenye green card. Inauliza pia kuhusu bangi, na fomu yenyewe inaonya kwamba kuhalalishwa na jimbo hakubadilishi sheria ya shirikisho. Kudanganya kwenye fomu hiyo ni kosa lake peke yake, hata kama bunduki hukuipata.

Sasa lile linaloumiza zaidi. Sheria ya uhamiaji inamfanya asiye raia aliyetiwa hatiani kwa karibu kosa lolote la bunduki astahili kufukuzwa nchini, hata akiwa na green card ya miaka ishirini. Mwendesha mashtaka akikupa makubaliano matamu, ukiri kosa, ukae mwaka chini ya uangalizi kisha faili lifutwe, kwa macho ya uhamiaji huko bado ni kutiwa hatiani. Tangu hukumu ya Padilla dhidi ya Kentucky ya 2010, wakili wa jinai ana wajibu wa kukueleza athari hizo. Mwambie siku ya kwanza kabisa kwamba wewe si raia; asipoambiwa anaweza asiulize.

Kibali: kila jimbo na mlango wake

Nyumbani, iwe Kenya au Tanzania, leseni ya silaha hutoka kwa mamlaka ya taifa. Marekani sivyo. Kibali cha jimbo moja kinaweza kuwa karatasi tu ukivuka daraja.

Hadi 2022, New York ilidai mwombaji athibitishe sababu maalumu ya kujilinda kupita raia wa kawaida, sharti lililotokana na sheria ya 1911. Tarehe 23 Juni 2022, Mahakama ya Juu ya Marekani ililitupa sharti hilo katika kesi ya Bruen, kwa kura 6 dhidi ya 3. California, New Jersey, Maryland, Massachusetts na Hawaii zilikuwa na masharti ya aina hiyo, nazo zikalazimika kubadilika. Lakini mahakama haikufuta vibali. Majimbo yalijibu kwa kuongeza mafunzo, uchunguzi na orodha ya mahali pasipobebwa silaha, na orodha hiyo ndiyo vita ya sasa.

New York ndiyo ngumu kuliko zote. Mwombaji awe na miaka 21, asome saa 16 darasani na saa 2 kiwanjani kwa risasi za kweli, apate angalau asilimia 80 kwenye mtihani wa kuandika, alete watu wanne wa kumdhamini tabia, ataje watu wazima anaoishi nao, na ahojiwe ana kwa ana. Anayeishi ndani ya Jiji la New York huomba kwa idara ya leseni ya NYPD, yaani polisi wa jiji hilo, na ada ni dola 340 pamoja na dola 88.25 za alama za vidole, ukikataliwa hazirudi. Kibali kilichotolewa Buffalo au Albany hakitumiki jijini bila idhini ya ziada ya NYPD.

Maombi ya watu wetu hukwama sana kwenye majina. Pasipoti inasema Hassan Juma Ali, green card inasema Ali Hassan Juma, leseni ya gari imeacha jina la katikati. Sawazisha hati zote kabla ya kupeleka alama za vidole. Kingine ni kukamatwa kwa zamani. Fomu ya NYPD inataka kila tukio, hata kesi iliyofutwa au kufungwa kwa siri. Ukificha, watakuta, na watakunyima kwa uongo, si kwa kosa lenyewe.

New Jersey, pamoja na Jersey City yenye Wakenya wengi, huanzia polisi wa mji wako, kwa ada ya dola 200. Huko kukutwa na bastola bila kibali kuna kifungo cha lazima cha miezi 42 kabla ya kuachiwa mapema kufikiriwa. Massachusetts, wanakoishi wenzetu wa Lowell na Worcester, leseni hutoka kwa mkuu wa polisi wa mji, na kubeba bila leseni huanza na miezi 18 jela. Illinois unaanza na kadi ya umiliki wa bunduki inayotolewa na polisi wa jimbo, kisha mafunzo ya saa 16, kisha dola 150 kwa kibali cha miaka mitano. Chicago haina kibali chake cha pembeni. Minnesota ni nyepesi zaidi: unakwenda kwa sherifu wa kaunti yako ukiwa na cheti cha mafunzo kisichozidi mwaka, unalipa isiyozidi dola 100, naye ana siku 30 za kukujibu.

Texas haijadai kibali tangu 1 Septemba 2021 kwa mwenye miaka 21 asiye na katazo. Hapa wakazi wa Houston na Dallas huruka jambo moja. Sheria ya shirikisho inakataza bunduki ndani ya futi 1,000 za shule, na anayesamehewa kubeba barabarani ni mwenye leseni ya jimbo hilohilo. Huwezi kuendesha gari mjini dakika kumi bila kupita karibu na shule. Chukua leseni ya Texas hata kama jimbo halikulazimishi.

Mahali

Hata mwenye kibali cha New York hapandi na bastola treni ya chini ya ardhi wala basi, haingii bustani ya umma, maktaba, hospitali, ukumbi wa sinema au eneo la Times Square. Mgahawa wa nyama choma wenye leseni ya kuuza bia nao umefungwa kwake, na kuingia na bastola hapo ni kosa kubwa la jinai, si faini. Msikitini na kanisani, marekebisho ya 2023 yaliwaruhusu wanaohusika na ulinzi wa mahali hapo. Muumini wa kawaida hayumo. Chicago, mabasi na treni za CTA, shirika la usafiri wa umma la jiji, ni marufuku, na mwenye jengo akibandika mlangoni kibao cha jimbo cha inchi 4 kwa 6, unaiacha bastola kwenye gari, imefungiwa. Texas angalia kibao chekundu cha “51%”: baa inayopata zaidi ya nusu ya mapato yake kwa pombe ya kunywewa hapo hapo.

Safarini, sheria ya shirikisho hukulinda ukipita jimbo lenye masharti makali iwapo bunduki haina risasi, imo kwenye buti ya gari, na ni halali unakotoka na unakokwenda. Gari lisilo na buti: kasha lenye kufuli. Kisanduku cha mbele cha dashibodi hakihesabiki. Ulinzi huo huyumba ukisimama. Mwaka 2005 msafiri aliyekosa ndege Newark alipewa begi lake lenye bastola, akalala nalo hotelini. Asubuhi alipolirudisha uwanjani alikamatwa, na mahakama ya rufaa mwaka 2010 ikakataa dai lake. Ndege yako ikikwama New York au New Jersey, usilipokee begi. Sisitiza libaki mikononi mwa shirika la ndege. Mwaka 2013 mama mmoja wa Philadelphia mwenye kibali halali cha Pennsylvania alisimamishwa barabarani New Jersey, akamwambia polisi mwenyewe kwamba ana bastola, akashtakiwa. Iliyomwokoa ni hati ya msamaha ya Gavana Chris Christie, mwaka 2015. Usipange safari kwa kutegemea msamaha wa gavana.

Kusoma habari bila kufungwa nazo

Vichwa vya habari hupenda vitenzi vinne: “yafuta”, “yazuia”, “yarudisha”, “yapiga marufuku”. Kisheria kila kimoja kinaweza kuwa na maisha ya siku chache. California ilipitisha orodha ndefu ya mahali pasipobebwa silaha, ianze 1 Januari 2024. Tarehe 20 Desemba 2023 jaji wa shirikisho aliizuia sehemu kubwa. Tarehe 30 Desemba mahakama ya rufaa ikasimamisha zuio hilo, sheria ikaanza. Tarehe 6 Januari ikaliondoa simamisho, zuio likarudi. Aliyesoma habari mara moja tu Krismasi, au mara moja tu Mwaka Mpya, alikuwa na picha ya uongo ya wiki iliyofuata.

New York nayo ilipita hapo. Oktoba 2022 jaji Glenn Suddaby alizuia sehemu kubwa za sheria mpya, vichwa vya habari vikatangaza ushindi, lakini mahakama ya rufaa ikalisimamisha zuio na Januari 2023 Mahakama ya Juu ikakataa kuingilia. Hadi leo katazo la treni ya chini ya ardhi lipo. Kilichokwama ni vipengele kama kudai akaunti za mitandao ya kijamii za mwombaji.

Kisa cha Albuquerque kinaonyesha kosa la upande wa pili. Septemba 2023 Gavana Michelle Lujan Grisham alisimamisha kwa siku 30 ubebaji wa bunduki hadharani jijini humo na katika kaunti yake. Ripoti nyingine zilisomeka kana kwamba bunduki zimepigwa marufuku. Amri haikugusa umiliki nyumbani. Katika siku chache jaji aliizuia, na gavana akaipunguza ibaki kwenye bustani na viwanja vya michezo vya watoto.

Kwa hiyo ukikutana na habari ya namna hii, tafuta mambo manne kabla ya kubadilisha chochote: ni mahakama ya ngazi gani; ni hukumu ya mwisho au zuio la muda; inaanza lini, kwani majaji wengi huipa serikali siku kadhaa za kukata rufaa; na inamhusu nani. Zuio jingine huwalinda walalamikaji waliotajwa na wanachama wa chama chao tu, na kama jina lako halimo, sheria bado ni yako. Kisha fungua ukurasa wa polisi wa jimbo, au wa NYPD kwa New York, uone kama maelekezo yao yamebadilika na tarehe yake ni ipi. Polisi wa barabarani atafuata hayo, si taarifa ya saa mbili usiku.