Kukusanya hadithi na nyimbo Usukumani: simu ibaki mfukoni kwanza

Nenda kati ya Juni na Agosti. Mavuno yameshaingia ghalani, watu wana nafasi ya kukaa usiku, na vikundi vya ngoma vya Bagika na Bagalu vinashindana uwanjani. Ukienda msimu wa kulima utapewa jembe.

1. Piga hodi. Anzia kwa mtendaji wa kijiji na barua yako (utafiti rasmi unahitaji kibali cha COSTECH, yaani Tume ya Sayansi na Teknolojia ya Tanzania), kisha mwenyekiti wa kitongoji. Asubuhi salimia "mwangaluka", baadaye "mwadila". Siku ya kwanza usirekodi chochote.

2. Toa yako kwanza. Ukisema "babu, nisimulie hadithi", utapewa sentensi tatu na kikombe cha chai. Mimi huanza mwenyewe na hadithi ya kijana Masala Kulangwa: zimwi Shing'weng'we amemeza watu wote, amesalia mama mmoja mjamzito, mwanawe Masala anakua, analiua zimwi na kulipasua tumbo, watu wanatoka. Naishia hapo makusudi. Hata dakika haipiti, mtu anadakia: "Na sikio la bibi je?" Maana kisu kilimkata bibi kizee sikio mle tumboni, naye hakusamehe. Wataanza kubishana bibi alilipizaje kisasi. Ubishi huo ndio mali, kwa kuwa kila ukoo una mwisho wake. Sasa ndipo uombe ruhusa ya kurekodi.

3. Rekodi. Weka simu katika hali ya ndege. Niliwahi kupoteza nusu ya hadithi kwa sababu shemeji alipiga. Iweke juu ya kitambaa kilichokunjwa, si mezani, umbali wa mkono mmoja na msimulizi. Chagua faili la WAV. Epuka bati wakati wa mvua, na omba redio izimwe. Taja kwa sauti tarehe, kijiji na jina la msimulizi, naye aseme mwenyewe kwamba amekubali. Vicheko na viitikio vya wasikilizaji usivikate.

4. Subiri wimbo na kazi yake. Hapa ndipo wengi tunaharibu. Nilimwomba bibi mmoja wimbo wa kubembeleza mtoto, akaimba mistari miwili akanyamaza. "Namwimbia nani?" Wakamletea kitukuu aliyekuwa analia. Aliimba mpaka mtoto akalala, na beti nilizopata safari hiyo sikuzisikia mara ya kwanza. Tangu hapo nyimbo za kulima nazifuata shambani, na ninashika jembe, hata kama mistari yangu inakwenda mshazari.

5. Uliza baadaye. Nani alikufundisha? Huimbwa lini? Nani haruhusiwi kuusikia? Jibu la swali la mwisho liheshimu: ukiambiwa ni wa waganga au wa ndani ya chama cha ngoma, zima. Nyimbo za mashindano nazo hutukana wapinzani kwa majina. Zihifadhi, usizirushe mtandaoni.

6. Andika mapema, ndani ya wiki. Kaa na kijana wa palepale. Kwanza Kisukuma, kisha Kiswahili. Kisukuma kina irabu saba, Kiswahili tano, kwa hiyo ukiandika kwa mazoea ya Kiswahili utaunganisha maneno mawili tofauti kuwa moja. Marudio usiyafute. Jina la faili liwe tarehe, kijiji na namba. Weka nakala tatu, moja nje ya nyumba yako.

7. Rudisha. Sukari na sabuni ni adabu, lakini wanachosubiri ni sauti yao. Peleka kadi ya kumbukumbu, cheza mbele ya watu walewale. Nenda na kinasa kingine kikiwa na chaji: mara ya mwisho bibi alijisikiliza, akasonya, akasema, "Hapo niliruka," akaanza upya.