Faru 65,000 ndani ya kopo la mahindi

Ninafundisha darasa la sita hapa Tabora, watoto 65 chumba kimoja. Zamani habari za faru nilikuwa naziandika ubaoni, watoto wananakili, wiki ikipita zimesahaulika. Mtoto ambaye hajamwona hata faru mmoja utamwambiaje habari za maelfu? Siku hizi nafundisha kwa mahindi. Mwalimu mwenzangu, au mzazi mwenye watoto barazani, hivi ndivyo ninavyofanya.

Usiku wa kuamkia kipindi, hesabu punje 650 uzitie kwenye kopo. Karanga usitumie, hata kama ndizo zilizojaa nyumbani; zitaliwa. Omba vipindi viwili vinavyofuatana, kimoja hakitoshi.

Anza na kuchora. Faru weusi na faru weupe wote rangi yao ni kijivu, kwa hiyo watoto wasahau rangi, watazame mdomo. Mweusi mchoree mdomo wa juu uliochongoka kama ncha ya kidole, maana anakwanyua majani na vijiti vya vichaka. Mweupe mchoree mdomo mpana ulionyooka, kichwa kimeinama hadi chini, maana anakula nyasi. Mimi huwauliza: nyumbani mbuzi anakula wapi na ng'ombe anakula wapi? Hapo wanashika moja kwa moja. Kisha waambie faru mweusi akikimbia, mara nyingi mtoto anamfuata mama nyuma, na kwa mweupe mtoto hutangulia. Waache waigize. Kelele zitakuwepo, zivumilie.

Sasa toka nao nje. Sisi tunakaa chini ya mwembe. Mpe kila mtoto punje 10 na umwambie kila punje ni faru 100. Darasa zima limeshika faru weusi 65,000, hao ndio waliokadiriwa kuwepo Afrika mwaka 1970. Darasa likiwa dogo, ongeza punje mkononi mwa kila mmoja hadi zitimie 650.

Hapo ninawaeleza habari za Faru Fausta wa Ngorongoro. Mwaka 1970 alikuwa na miaka minane hivi, mdogo kuliko wao. Alikufa Desemba 2019 akiwa na miaka 57, hajawahi kuzaa. Upungufu utakaofuata ulitokea yeye akiwa hai.

Pita na kopo, ukusanye. Pita polepole, mtoto mmoja mmoja, na asiyetaka kutoa mwambie majangili hawakuomba. Acha punje 24 tu, mikononi mwa watoto 24. Huo ni mwaka 1995, faru weusi 2,400 hivi. Waambie watoto wote wanyooshe viganja. Viganja 41 ni vitupu. Usiseme neno kwa muda kidogo.

Watauliza kwa nini. Waambie pembe zilikuwa zinapelekwa Yemen kutengenezea mipini ya majambia, nyingine Asia ya Mashariki kwa dawa. Kwenye dawa ndipo pa kukaa sana, maana imani hiyo na kwetu ipo. Shangazi yangu aliwahi kuuziwa unga akaambiwa ni pembe ya faru, wa kutibu homa. Homa ilikuwa malaria, ikaisha kwa dawa ya mseto.

Kata kucha zako mbele yao, uziweke juu ya kifuniko cha bati, uzichome kwa kiberiti. Choma mwenyewe, usimwachie mtoto. Wasogee wanuse. Mwaka jana mtoto mmoja alisema, "Mwalimu, kama nywele zikiungua!" Ndiyo. Kucha, nywele na pembe ya faru vyote vimeundwa kwa kitu kimoja kiitwacho keratini. Anayemeza unga wa pembe amemeza kucha.

Rudi kwenye punje. Gawa upya, kila mtoto moja. Faru weusi leo wamepita 6,000. Walinzi wamelala porini, wengine wamekufa kazini, ndiyo maana punje hizo zimerudi. Zimerudi taratibu kwa sababu faru hubeba mimba miezi 15 au 16 na huzaa mtoto mmoja. Waulize mama zao waliwabeba miezi mingapi.

Faru weupe wa kusini nawapitia haraka, ila usiwaruke. Mwishoni mwa karne ya 19 walikuwa hawafiki 100, yaani hata punje moja haikutimia. Afrika Kusini iliwalinda, na leo ni zaidi ya 15,000. Mwagia punje 150 juu ya kanga watoto waone. Faru wa Java na wa Sumatra, kila jamii haifiki 80. Ipasue punje, onyesha kipande. Huko Vietnam, faru wa Java wa mwisho alikufa 2010. Kwa faru weusi wa Afrika Magharibi, waliotangazwa mwaka 2011 kuwa wametoweka, geuza kopo tupu chini juu.

Wa mwisho ni faru weupe wa kaskazini. Hawa punje haiwafai. Simamisha wasichana wawili: Najin na binti yake Fatu, wako hifadhi ya Ol Pejeta nchini Kenya. Dume wa mwisho, Sudan, baba yake Najin, alikufa Machi 19, 2018. Wanasayansi wamehifadhi viinitete, yaani mimba changa zilizotungwa maabara, kwenye baridi kali, wakitarajia majike ya faru weupe wa kusini watawabebea mimba.

Wengine warudi kukaa, hao wawili wabaki wamesimama huku ukijibu maswali. Mwaka jana maswali yalikuwa mengi hadi kengele ya mapumziko ikagongwa. Nikamwambia Fatu wangu akae, amechoka. Akaniuliza, "Nikikaa, Mwalimu, anabaki nani?"