Namna ya kuchora wimbi lenye uhai

Wimbi langu la kwanza lilifanana na shuka lililoanikwa kambani. Lilichezacheza, ndiyo, ila bahari haikuwemo. Aliyenizindua ni Hayao Miyazaki kwa filamu yake ya katuni ya mwaka 2008, Ponyo, na mtu akiniomba nimfundishe kuchora maji huwa naanzia hapo.

Tafuta sehemu ya dhoruba: Lisa anakimbiza kigari chake kando ya bahari akiwa na mwanawe Sosuke, na Ponyo, samaki aliyegeuka msichana, anawafuata mbio juu ya mawimbi. Itazame kwanza bila sauti. Utaona yale mawimbi ni masamaki ya maji, yana migongo na macho. Kisha irudie umefumba macho. Muziki wa Joe Hisaishi unakwenda shoti, unakumbusha ule wa mtunzi Mjerumani Wagner wa Valkyrie, wanawali wa vita wapanda farasi (na jina la Ponyo la kuzaliwa ni Brunhilde, jina la mmoja wa wanawali hao, basi jionee mwenyewe). Tangu siku ile mimi hugonga mdundo mezani kwa kidole kabla sijashika penseli.

Sasa chora. Karatasi 12 zinakupa sekunde moja. Kama huna meza ya taa, bandika karatasi kwenye kioo cha dirisha mchana, uone mchoro wa chini yake. Anza na mgongo wa wimbi, povu baadaye. Kazi yote iko kwenye nafasi, yaani umbali ambao wimbi linasogea kati ya mchoro na mchoro. Minne ya kwanza wimbi linapanda, nafasi za kawaida. Wa 5 hadi wa 8 ibane kabisa, maji yaning'inie kileleni kama yanavuta pumzi. Kisha achanisha: minne iliyobaki ilifikishe chini. Povu lichelewe mchoro mmoja. Shuka langu lilitokana na hapo, nafasi nilizipanga sawasawa kama vipandio vya ngazi.

Rangi zisikusumbue, kreoni za watoto zinatosha. Filamu ile ilichorwa kwa mkono, michoro kama 170,000. Wewe unayo 12, usilalamike.

Piga kila karatasi picha kwa simu isiyosogea hata kidogo. Yangu naifunga kwa mpira kwenye rundo la vitabu. Ziunganishe kwa programu yoyote ya video, picha 12 kwa sekunde. Likigoma, chora upya ya 6 na ya 7 tu.

Wimbi langu la nne nilimwonyesha mpwa wangu. Akaniuliza, "Mjomba, linamfukuza nani?" Sikuligusa tena.