Kumfundisha Msichana wa Mwanza Kulinda Wiketi

Katika kriketi, mlinda wiketi, yaani anayekaa nyuma ya vijiti vitatu vya wiketi ili kudaka mipira inayompita mpigaji, ndiye mchezaji pekee wa upande unaozuia anayeruhusiwa kuvaa glavu, lakini msianze na glavu. Mchukueni mwanafunzi asubuhi, kabla upepo wa ziwa haujachafuka, kwenye uwanja mgumu wa Nyegezi au Kirumba, mkamrushie mpira wa tenisi ukutani ili audake kwa mikono mitupu unaporudi. Nyuma yake tundikeni wavu chakavu wa wavuvi, kwani mpira ukiingia majini mazoezi hukatika.

Mkao ndio msingi, nami nauhimiza kuliko jambo lolote: achuchumae uzito ukiwa kwenye nyayo za mbele, viganja vikitazama mpira na vidole vikielekea chini, na asiinuke mpaka mpira uanze kudunda, maana anayeinuka mapema hupitwa na mpira wa chini. Mikono irudi nyuma kidogo wakati wa kudaka. Mpira halisi wa wanawake una gramu 140 hadi 151, na unaumiza.

Kisha mpeni gongo la kupigia mpira. Nannapat Koncharoenkai wa Thailand, aliyecheza Kombe la Dunia la T20, yaani kriketi ya muundo mfupi, nchini Australia mwaka 2020, la kwanza kwa nchi yake, ni mlinda wiketi na mpigaji pia. Nchi hiyo haina mizizi mirefu ya kriketi, jambo linalonipa imani kubwa na mabinti wetu. Kwa hiyo kila zoezi la kudaka lifuatwe na la kupiga, miguu ikiwa bado imechoka.