Kabla ya kuwaambia "ombaneni msamaha": kufunza watoto mambo ya hisia darasani

Nafunza gredi ya tatu huku Eastlands, Nairobi, watoto 54, deski moja wanakaa watatu, kwa hivyo siku haiwezi isha bila mtu kusukumwa ama rula kupotea. Kitambo nilikuwa nawaita wawili wanaopigana nawaambia haya, ombaneni msamaha, shikaneni mikono, wanashikana huku wamekunja uso alafu wakienda brek wanaanzia penye waliachia. Saa hii nafanya hivi.

Anza na maneno. Ukimuuliza mtoto wa Nairobi "uko aje?" atakujibu "poa" ata kama alilala akilia, na si eti anadanganya, hana tu neno lingine. Wiki mbili za kwanza za muhula mimi nafunza maneno: hasira, wivu, aibu, woga, upweke, furaha, uchovu. Yaandike kwa kipande cha katoni, kibandike karibu na mlango, asubuhi kila mtoto akiingia anagusa neno lake anapita. Usimuulize kwa nini mbele ya wengine, tafadhali. Kuna msichana alikuwa anararua vitabu vya jirani yake, nikafikiria ni utundu, alafu siku tatu mfululizo akagusa wivu. Nikamwita pembeni, kumbe mamake amejifungua na yeye ametolewa kitandani analala kwa kochi. Tungeongea rula na adhabu mwaka mzima na hatungefika hapo.

Pili ni mwili. Kumwambia mtoto "tulia!" ukipiga kelele haisaidii. Mimi natumia uji, ju wote wanaujua: shika kikombe chako (hakuna kikombe, ni mikono tu), nusa uji kwa pua pole pole, sasa uko moto, puliza pole pole kushinda venye umenusa. Mara tano. Hiyo kupuliza ndefu ndio hufanya moyo upunguze kasi. Lakini wafunze wakiwa wamefurahi, wafanye kama mchezo, ju mtoto akishawaka hawezi funzwa kitu, atafanya tu kile mwili umezoea.

Sasa wakikosana. Mmoja anaongea, mwingine ananyamaza, alafu huyo aliyenyamaza anarudia kile amesikia mpaka mwenzake aseme "ndio, ni hivyo." Wape mfano: "Niliumia ulipochukua rula yangu, nataka uniombe kwanza." Mara ya kwanza itachukua dakika kumi na utaboeka, mara ya sita wanamalizana wenyewe kwa korido. Msamaha ukikuja, sawa, usipokuja leo usiulazimishe.

Kwa uwanja angalia tu mchezo wa kati (ule wa kurushiana mpira) unavyochezwa. Nani huchaguliwa mwisho kila siku? Huyo mpe kazi ya kuchagua timu.

Kuna walimu wataniambia hakuna taim, silabasi ni ndefu. Lakini CBC, huu mtaala wa shule za Kenya, tangu ianze gredi za chini 2019 imebeba upendo, heshima, umoja na amani kama maadili ya kufunzwa, kwa hivyo hautafuti kipindi kipya, mimi naingiza kwa Kiswahili, wanaandika sentensi tatu kuhusu siku waliona aibu. Na kiboko kilipigwa marufuku 2001, sote tunajua bado kiko kwa kabati za wengine, ila mtoto anayechapwa ju amepiga mwenzake anajifunza kwamba mkubwa ndiye huruhusiwa kupiga.

Wewe pia gusa hiyo katoni. Siku nikigusa uchovu darasa lote linanyamaza kidogo, wananihurumia hao.

Kitu cha mwisho: mtoto akiwa na alama mwilini, ama ameacha kula, ama anaogopa kwenda home, hiyo si ya katoni wala uji. Andika kile amesema kwa maneno yake, mwambie mwalimu mkuu siku hiyo hiyo, na namba ya 116 ya kusaidia watoto ni ya bure kupiga. Usimuahidi utaweka siri.