Jinsi ya kuchora watu na vitu vikaonekana hai: anza na uzito

Wengi tunaoanza kuchora huanza na jicho. Tunalipamba, tunaweka kope moja moja, tukifika miguuni karatasi imekwisha na mtu wetu amesimama kama mlingoti. Nilichora hivyo miaka miwili. Kilichonifungua macho ni kukaa soko la Mwanjelwa, hapa Mbeya, nikiwatazama makuli wakipakia viazi. Gunia la lumbesa, lile lililojazwa kupita kiasi, likitua mgongoni, mwili mzima unalijibu: magoti yanakunjika, shingo inatokeza mbele, mkono unapapasa pa kushika. Ukiunasa uzito huo, mtu wako atakuwa hai hata kabla hajapata sura.

Hatua ya 1: Vifaa

Nunua penseli mbili laini, 2B na 4B. HB ya shuleni ni ngumu, utaikandamiza mpaka uchoke mkono. Tumia karatasi za kawaida za rimu, maana karatasi ya bei mbaya inatia woga. Zibane kwenye kadibodi ngumu kwa vibanio vya nguo. Kifutio kiache nyumbani kwa wiki mbili za kwanza.

Hatua ya 2: Omba ruhusa

"Shikamoo mama. Naomba nikuchore ukiwa unapanga viazi." Wengi hukubali, kisha watataka kuona. Waonyeshe hata kama ni mistari mitatu tu. Akikataa, shukuru, ugeukie ndoo na mizani.

Hatua ya 3: Mstari wa kitendo

Tega saa ya simu sekunde 30. Usichore mzingo wa mwili. Vuta mstari mmoja kuanzia kichwani, upite uti wa mgongo, ushuke hadi kwenye mguu uliobeba uzito. Mama anayeinama kuokota kiazi ni upinde. Kijana anayesukuma mkokoteni kupanda mlima ni mshazari mrefu kutoka kisigino hadi utosini. Mkono uende kuanzia begani, siyo kwenye vidole. Ukimaliza mstari huo, ongeza mwingine mfupi wa mabega na mwingine wa nyonga, basi. Saa ikilia, acha, hata kama hana kichwa. Chora 20 hivyo kabla hujajihukumu.

Hatua ya 4: Tafuta mguu uliobeba

Hapa ndipo penye siri yenyewe, kwa hiyo usiharakishe. Mtu aliyesimama akisubiri daladala mara nyingi hagawi uzito sawasawa. Anauegemeza mguu mmoja. Nyonga ya upande huo inapanda, na kwa kawaida bega la upande huo linashuka. Jipime hivi: kwenye mchoro wako, shusha mstari wima kutoka kile kishimo cha chini ya koo. Kama amesimamia mguu mmoja, mstari utaangukia karibu na wayo wa mguu huo. Ukiangukia mbali, mtu wako anadondoka.

Akiwa na mzigo hesabu inabadilika, kwa sababu mtu na mzigo wake wanakuwa mwili mmoja. Mwenye ndoo ya maji mkono wa kulia huegemea kushoto. Mwenye gunia mgongoni huinamia mbele. Kwa hiyo mzigo uchore pamoja na mtu. Ukiuongeza mwishoni utaonekana umebandikwa.

Juni na Julai baridi yetu huwavika watu makoti mazito na vitenge juu yake, mwili hauonekani. Tazama mikunjo. Nguo hujikunja pale mwili unapojikunja: kwenye kiwiko, kwapani, kiunoni. Chagua mikunjo mitatu inayovutwa kwa nguvu, mingine iache.

Hatua ya 5: Vipimo

Pima kwa urefu wa kichwa chake mwenyewe: mtu mzima aliyesimama ana urefu wa vichwa saba na nusu hivi. Mtoto wa mwaka mmoja, vinne hivi. Ukimpa mtoto kichwa kidogo, utapata mtu mzima aliyefupishwa.

Hatua ya 6: Vitu

Ndoo ina mdomo wa duara, lakini ukiutazama kwa ubavu unabonyea kama yai lililolala. Kadiri duara linavyokuwa chini ya usawa wa jicho lako ndivyo linavyofunguka, kwa hiyo kitako cha ndoo hupinda zaidi kuliko mdomo wake. Kosa la kila anayeanza ni kuchora kitako kwa mstari ulionyooka. Walioko Iringa wana mwalimu mzuri, kikapu kilichosukwa kwa nyasi za milulu: mizunguko ya msuko inakuonyesha wazi jinsi mistari inavyolizunguka umbo.

Sasa gunia la viazi. Huku chini limejilaza, tumbo limetoka, juu kamba zimelibana, na viazi vinasukuma kwa ndani mpaka vinaacha vinundu. Chora vinundu vichache upande wa kivuli tu. Kisha kandamiza penseli pale gunia linapogusa ardhi, mstari uwe mweusi na mnene, halafu legeza mkono kadiri unavyopanda juu. Mara gunia linakuwa zito.

Hatua ya 7: Ratiba ya kila siku

Dakika 15 zinatosha: michoro 10 ya sekunde 30, mitano ya dakika moja, na mmoja wa dakika tano. Andika tarehe, usitupe hata mmoja. Huyo wa dakika tano, ukishaona amesimama vizuri kwa mguu wake, ndiye umchoree macho.