Uzunguke kama pia

Kijana mgeni akija kwenye mazoezi yetu ya kriketi Nairobi Jumamosi asubuhi, simpi mpira. Namrushia chungwa na kumwambia alizungushe kutoka mkono wa kulia hadi wa kushoto. Wengi hulitupa tu. Mara mojamoja atatokea mmoja anayelikata kwa kifundo cha mkono, likazunguka hewani kama pia tuliyochonga utotoni. Huyo namvuta kando. Wenzake wote wanataka kukimbia hatua ishirini na kurusha kwa kasi, na wa kasi tunao tele. Ninayemtafuta ni wa legi-spini, anayeuzungusha mpira kwa kifundo ili ukate kando ukigusa chini.

Anza na vidole. Shahada na cha kati viupite mshono wa mpira kwa juu. Cha pete kikunje, ubavu wake uegemee mshono, maana ndicho kinachofanya kazi kubwa. Kidole gumba kipumzike tu. Usiukabe mpira. Ukiukaba, kifundo nacho hukakamaa, na hapo hakuna mzunguko.

Sasa kifundo. Kikunje kwa ndani unapouinua mkono, kisha ukifika juu ukifungue kwa ghafla, kama mtu anayegeuza kitasa cha mlango kuelekea kushoto. Kiwiko kisinyooke wakati wa kurusha. Sheria ya kimataifa inavumilia nyuzi 15 tu. Kwa mrushaji wa mkono wa kulia, mpira ukigusa chini utakata kutoka miguuni mwa mpigaji wa kulia na kwenda nje. Kwa hiyo lenga usawa wa kijiti cha upande wa miguu yake, kimoja kati ya vitatu anavyovilinda, utue hatua nne hivi mbele yake. Mimi huweka kofia yangu pale. Imeshachakaa.

Linalowashinda vijana ni kuurusha juu. Kati ya vijiti vya huku na vya kule ni mita 20 hivi, na kijana anaona akiupandisha mpira juu ya macho ya mpigaji atapigwa hadi nje ya ua. Kweli, atapigwa. Lakini mpira unaozunguka kuelekea mbele husukumwa chini na hewa, ukatua mapema kuliko mpigaji alivyokadiria. Bati lake (si la paa, hili la mti) limeshatangulia, na mpira unaishia mikononi mwa mdakaji.

Hapo ndipo ninapowasimulia Collins Obuya. Tarehe 24 Februari 2003, Kombe la Dunia, Nairobi Gymkhana. Kenya tulikuwa na mikimbio (ndizo pointi zetu) 210, na Sri Lanka walikuwa mabingwa wa 1996. Kijana wa miaka 21 akapewa mpira. Akarusha ova zake 10 zote (ova moja ni mipira sita), akatoa mikimbio 24, akawatoa wapigaji 5, Aravinda de Silva na Mahela Jayawardene wakiwamo. Sri Lanka wakaisha kwa 157. Mwaka huo tulifika nusu fainali, na klabu ya Warwickshire ya Uingereza ikamchukua Obuya. Vijana wangu hawakuwa wamezaliwa. Wanaomjua wanamjua kwa kupiga, kwa ile mikimbio 98 aliyobaki nayo bila kutolewa dhidi ya Australia mwaka 2011. Ndiyo, mrushaji yule aliishia kuwa mpigaji. Ufundi wa kifundo una wivu: ukiupa kisogo kidogo, unahama.

Mimi wangu ulihama kwa ujinga wangu. Kwenye mechi moja ya ligi nilipigwa sita tatu (mpira kuruka mpaka nje ya uwanja, mikimbio sita kila mara) katika ova moja, nahodha akaninyang'anya mpira mbele ya watu. Mwezi mzima baadaye nikawa narusha kwa haraka na chini ili nisiaibike tena. Sikupigwa sana, lakini mpira haukukata hata kidogo. Ilinichukua msimu mzima kuurudisha, nikirushia ukuta wa nyumba ya shangazi huku yeye akilalamika kuhusu rangi. Ndiyo maana kwenye mazoezi yangu hakuna anayenyang'anywa mpira kwa kupigwa. Unanyang'anywa kwa kuharakisha.

Gugli, ule mpira unaokata upande wa pili, usiuguse mwaka wa kwanza. Hutoka mgongo wa mkono ukimtazama mpigaji, na kijana akiuonja tu huusahau ule wa kawaida. Kwanza niangushie mipira sita mfululizo juu ya kofia.

Na kidole cha pete kitachubuka. Wiki ya pili ngozi ya ubavuni itapasuka, utakuja ukininyooshea kama mtu aliyeumwa na nyoka. Osha, paka mafuta ya mgando usiku, pumzika siku mbili. Kikishaota sugu, njoo Jumamosi mapema. Chungwa utaleta wewe.